Jiko la Mhehe, Ngawira ya Mngoni

Mtani wangu Festo,

Kamwene. Najua hutaitikia salamu ya kwenu, na si haba, maana kwa mara ya kwanza tangu tujuane nitasema jambo kutoka mwanzo hadi mwisho bila mwalimu wa Kiingereza kunikatiza. Ungekuwa hapa ungekuwa umeshauliza kwa nini fundi anakaa kuandika barua wakati ana ukuta wa kumalizia. Tulia. Leo zamu yangu.

Ninaandika nikiwa jikoni kwako, hapa Mbalizi, juu ya kile kigoda chenye mguu uliouunga kwa waya. Mvua inanyesha. Jiko halivuji. Nalisema hili kwa uchungu, maana mimi Osmundi, fundi mwenye jina kuanzia Mbeya mjini mpaka Chunya, nimelingoja jiko hili lianguke tangu siku ulipolisimika, nalo limenigomea.

Hebu nilieleze, usije ukadhani nakusingizia. Nguzo ya kati ni mkaratusi ulioukata ukiwa mbichi. Ulipokauka ukajipinda, na sasa kila anayeingia huinama upande kama mtu anayempisha mkwe. Kuta ni mbao za makasha yaliyoleta vyuma vya reli. Zina maandishi ya Kichina, na wewe msomi ukapigilia nyingine kichwa chini, ukaniambia hakuna atakayejua. Nadhani unakumbuka yule Mchina wa reli aliyekuja kununua maandazi, akasimama, akainamisha kichwa ili asome ukuta wako, akacheka mpaka akasahau kofia yake. Mlango nao ni bodi ya nyuma ya lori bovu. Bado umeandikwa TAFADHALI USI, kisha mbao inakatika. Mpaka leo hatujui tulikatazwa nini.

Kitu pekee cha heshima hapa ni mabati. Uliyapata mwaka ule ambao bati lilikuwa halionekani hata kwa dawa, watu wanakula unga wa njano na kushukuru. Yakumbuke hayo mabati, maana ndiyo yaliyoleta vita nitakavyokusimulia.

Lakini kwanza nikukumbushe tulivyojuana, kwa sababu ulikuwa na tabia ya kusimulia vibaya. Nilikuwa nabomoa ukuta wa darasa uliojengwa na fundi aliyenitangulia. Nilikuwa nausukuma kwa mkono tu, unakuja wote kama mkate uliolowa chai. Wewe ulikuwa unasimamia wanafunzi wanaobeba matofali. Nikasema kwa hasira, "Huyu amelipua." Ukawasimamisha wanafunzi wote, matofali kichwani, ukaniuliza nina maana gani. Nikakueleza kwamba mwenye kulipua kazi ni kama mpasua mwamba. Anawasha utambi, anapiga kelele, moshi unatanda, na watu wakiwa bado wanatazama moshi yeye ameshaondoka. Ulifurahi kama mtu aliyepewa mbuzi. Wanafunzi waliendelea kuumia shingo.

Tangu hapo tukawa tunabadilishana maneno ya kazi mbovu kama watoto wanaobadilishana gololi. Mimi nilikupa kuungaunga, nikakupa bora liende. Wewe ukanipa ya Waingereza, na nilishangaa jinsi watu wenye majumba ya mawe walivyo na maneno mengi ya nyumba mbovu. Ulinipa "slapdash", la mwashi anayeutupia ukuta lipu na kwenda zake. Ulinipa "shoddy", ukasema lilikuwa la wafumaji kabla halijawa la kila mtu: nguo kuukuu zinachanwachanwa, zinasokotwa tena kuwa nyuzi, halafu mnunuzi anauziwa kitambaa kinachong'aa kwa nje na kumwachia magoti wazi baada ya muda. Nikakwambia basi suruali yako ya kufundishia ni "shoddy". Ukajibu hapana, hiyo ni kuukuu ya kweli, haijamdanganya mtu.

Halafu kuna "jerry-built", nyumba inayojengwa haraka na kwa rahisi ili iuzwe, si ili ikaliwe. Nikakuuliza huyo Jerry ni nani, nimlaani kwa jina. Ukasema hakuna ajuaye. Wengine humtaja mjenzi fulani, wengine hutaja kuta za Yeriko zilizoanguka kwa tarumbeta, na wengine huwasingizia Wajerumani, ingawa neno lenyewe ni la zamani kuliko vita vyao na Waingereza. Nikakasirika. Nikasema msomi gani anafundisha neno asilolijua baba yake. Ukanijibu, "Mtani, hata wewe unakunywa ulanzi wa mianzi bila kumjua aliyeugema."

Na ulikuwa na haki ya kunijibu hivyo. Wewe Mhehe wa Kilolo, mimi Mngoni niliyelowea Mbeya. Babu zetu walipigana mpaka wakachoka, wakatuachia utani badala ya mikuki. Uliniambia kila wiki kwamba babu zangu walikimbia, nami nikakuambia kila wiki kwamba walikuwa wanawahi chakula.

Jiko hili ulilijenga nikiwa Chunya, nawatengenezea wakulima mabanda ya kukaushia tumbaku. Nilikuagiza uningoje. Mvua hazikuningoja. Mkeo, Mama Atupele, alikuwa anakaanga maandazi nje ya nyumba ya shule, mwavuli mkono mmoja na upawa mkono wa pili, na malori yanasimama kumngoja. Ukaona haya, ukashika nyundo, ukaja kusimamisha hili jiko kwenye kiwanja chenu hiki, mahali mlipopanga kujenga nyumba siku moja. Ulisema jiko kwanza, nyumba itafuata.

Niliporudi nikacheka mpaka nikakaa kwenye matope. Nikakutupia Kiingereza chako mwenyewe. Nikasema hili ni "jerry-built". Ukaudhika. Ndiyo mara pekee niliyokuona umeudhika kweli.

"Hilo ni neno la mwizi," ukasema. "Tafuta lingine."

Sikuwa na lingine, ukanipa mwenyewe: "jury-rigged". Ni la mabaharia, ukaniambia mimi mtu wa milimani ambaye maji makubwa niliyoyajua ni Ziwa Nyasa. Dhoruba ikivunja mlingoti huko katikati ya bahari, mabaharia hawakai wakalia. Wanachukua boriti yoyote iliyobaki chomboni, kamba yoyote, kipande chochote cha tanga, wanasimamisha mlingoti wa muda. Unakuwa mbaya wa sura, lakini chombo kinafika nyumbani. "Hao hawakumuuzia mtu kitu, Osmundi. Walikatikiwa mlingoti, na bado walitaka kufika." Nikakuuliza hilo nalo baba yake ni nani. Ukainua mabega. Nikakwambia Waingereza hawa wanalea maneno yatima. Ukacheka, tukapatana, nikala maandazi ya bure, nikaahidi kwamba siku nyumba ya matofali itakapoanza nitaijenga mimi, na jiko hili litakuwa la kwanza kubomolewa.

Kisha kifua kikakubana, na nyumba haikuanza.

Juu ya wodi ulikolazwa sitaandika mengi. Nakukosa, Festo. Nikisikia neno jipya kazini bado nageuka ili nikuambie, na mdomo unabaki wazi.

Tulikupeleka Kilolo nyuma ya lori, chini ya turubai, na baridi ya Mafinga ikatukata masikio. Kaburi lilikuwa kazi yangu, maana mtani ndiye wa kazi hiyo. Nilipomaliza kuchimba sikutoka. Nilitoa timazi na pima maji, nikalala chali humo ndani nikapima, nikawapigia kelele ndugu zako kwamba waache kulia, hili shimo ndilo kitu cha kwanza kilichonyooka ambacho Festo amewahi kumiliki. Wazee wakaanza kucheka huku wanajifuta machozi. Mama yako, ambaye hakuwa ametia kitu mdomoni tangu tulipofika, alicheka mpaka wanawake wakamshika mabega. Akasema, "Huyu Mngoni apewe anachotaka." Wakaniuliza nataka nini, kuku au koti lako. Nikasema nitataja siku yangu ikifika. Watu walidhani ni ujanja. Haukuwa ujanja. Hayo ndiyo maneno mafupi kuliko yote niliyoweza kuyatoa siku ile.

Sasa sikiliza yaliyotokea baada ya matanga.

Nyumba ya shule ilibidi irudishwe, apewe mwalimu mwingine. Mama Atupele na binti yenu wakahamia hapa jikoni, wakalala upande wa stoo, karibu na magunia ya unga. Majirani walileta mikeka. Mambo yalikuwa yanaenda. Maandazi yalikuwa yanauzwa asubuhi, Atupele anakwenda shule na harufu ya moshi kwenye sare.

Ndipo mdogo wako Laurenti akaja na lori. Usimkasirikie huko uliko. Si mtu mbaya. Paa lake la nyasi linavuja kule Kilolo, na juu ya hilo aliona aibu mjane wa kaka yake kulala kwenye makasha. Alikuja na baba yenu mdogo na vijana wawili. Akalizunguka jiko, akasukuma ukuta kwa kidole, akasimama uani.

"Shemeji, hapa si pa kukaa mtu," akasema. "Hili si jengo, ni takataka zimeegemeana tu. Mabati tunachukua, na nyinyi twende nyumbani. Wazee wameshasema."

Mama Atupele alikuwa anakanda unga. Akaendelea kukanda. Lakini niliona anavyoukanda, ngumi juu ya ngumi, na Atupele amesimama mlangoni chini ya TAFADHALI USI, anamtazama mama yake. Kilolo hakuna foleni ya malori alfajiri. Kule angekula kwa hisani ya watu. Hapa anakula kwa jasho lake, kwenye kiwanja chenu, si mbali na wazee wake Wanyakyusa, na binti yake anasoma. Bila bati, hapa pasingekuwepo.

Vijana wakapanda. Msumari wa kwanza ukang'olewa, ukalia, na mimi niliyekuwa nimesimama pale nikakumbuka neno lako jingine, "ramshackle". Ulinieleza kwamba sasa wanalitumia kwa nyumba iliyochakaa, gofu lisilo na mwenyewe, lakini asili yake si ubovu wa fundi. Limetokana na neno la kale la kupekua nyumba ya mtu, kuingia na kukusanya na kutoka. Nyumba inapekuliwa kwanza, ndipo inakuwa gofu. Siku ile nilikucheka, nikasema hayo ni mambo ya ubaoni. Sasa nilikuwa nayaona juu ya paa lako, na waliokuwa wanayafanya ni ndugu zako. Mimi si wa ukoo. Si mwenyekiti wa kijiji. Fundi tu, jirani.

Halafu nikakumbuka kwamba mimi ni mtani.

Nikapanda ngazi yao wenyewe. Nikakaa juu ya bati, mguu huku na mguu kule kama nimempanda punda, nikapaza sauti watu wa barabarani wasikie.

"Wahehe! Mimi sijalipwa! Kaburi nilichimba, nikalala humo kabla ya mwenyewe, na mama yenu akasema nipewe ninachotaka. Siku yangu ndiyo leo. Nataka jiko hili, na kila kilichopigiliwa msumari juu yake, hata kama kimepigiliwa vibaya!"

Laurenti akainua uso, nyundo mkononi. Akasema, "Mtani, chukua kuku. Basi chukua koti la marehemu, hili hapa nimelivaa." Nikamwambia koti la Mhehe linanuka ulanzi, silitaki, na tangu lini Mhehe akamchagulia Mngoni ngawira? Madereva walishajaa uani, maandazi mkononi, wanacheka. Laurenti akamgeukia baba yenu mdogo. Nami nikamtazama mzee yule, na nakwambia, Festo, mdomo ulikuwa unacheka lakini moyoni nilikuwa nahesabu misumari iliyobaki. Akikataa, basi.

Mzee aliliangalia jiko, akaniangalia mimi. Kisha mabega yakaanza kumtingishika kwa kicheko.

"Washushe vijana, Laurenti," akasema. "Ukimnyima mtani chake, wewe atakuzika nani?"

Ikaishia hapo. Msumari uliong'olewa niliurudisha mwenyewe, na niliupigilia inavyotakiwa, kwa hiyo jiko lako sasa lina msumari mmoja mzuri. Laurenti naye alicheka mwishoni, nadhani alikuwa ametua mzigo. Nimemwahidi kwamba mvua zikikatika nitakwenda Kilolo kumwezekea upya kwa nyasi nzuri, bila kulipua. Aliondoka na kapu la maandazi. Mama Atupele alitoka nje, mikono myeupe kwa unga, akanitazama juu kule. "Ndaga, shemeji," akanishukuru kwa Kinyakyusa. Halafu akaongeza, "Sasa shuka, unanipindia bati."

Hayo ndiyo mapya. Treni inapita siku hizi, ukisimama mlangoni unaisikia ikipiga honi bondeni. Mwalimu mpya wa Kiingereza ni kijana mpole, lakini nilipomuuliza "ramshackle" limetoka wapi aliniambia nikaangalie kamusi. Nilimwonea huruma. Atupele anasoma vizuri, na ameanza kunisahihisha. Jana nilisema neno moja tu la Kiingereza na akanyanyua kidole kile kile ulichokuwa unanyanyua wewe. Nilitoka nje, nikajifanya nakwenda kutazama mchanga.

Sasa nifike kwenye ukuta. Jiko ni langu, kila mtu anajua, na jiko likiwa la fundi watu hulitazama kwa jicho jingine. Kwa hiyo nimeanza ile nyumba. Matofali ya kuchoma, vyumba viwili vinavyoshikana na jiko, ili Mama Atupele na binti waache kulala na unga. Niliona kazi ya kwanza iwe kuing'oa hiyo nguzo yako, niweke iliyonyooka, ndipo nianze ukuta. Nikaegesha magogo ya kushikilia paa, nikaanza kuilegeza.

Festo, paa lote likalalamika. Nikapanda kutazama. Kila kitu humo kimeshaegemea kingine: papi, ule ubao wa paani, imeshika bati, kasha limeshika papi, na misumari yako yote ya upande, ambayo hakuna mtu mwenye akili angeipigilia vile, imekwishapatana yenyewe kwa yenyewe. Ukiinyoosha nguzo, jiko linahama. Mama Atupele alikuwa amesimama na upawa wake. Nilishuka, nikaikaza nguzo pale pale ilipokuwa, nikatoa magogo.

Ndipo ukanijia kichwani mlingoti wa mabaharia wako. Wale walifika nyumbani, ulisema. Hukuniambia walipofika waliufanya nini ule mlingoti. Labda waliutupa. Mimi ningekuwa miongoni mwao ningejenga nyumba yangu kuuzunguka.

Basi sikiliza ahadi yangu, mtani. Nyumba hii haitapekuliwa nikiwa hai. Atupele atasoma mpaka achoke mwenyewe. Na ukuta wa kati, ule unaokutana na jiko, nimeujenga kwa namna ambayo sijawahi kujenga tangu nishike mwiko: nimeufuata mkaratusi wako, sikufuata timazi. Chini nimeupa unene, utasimama. Lakini umepinda, kwa matofali mazuri ya kuchoma, umepinda pale pale ilipopindia nguzo yako, na anayeingia atainama upande kama zamani.

Pumzika huko kwenye shimo lako lililonyooka. Ulanzi wako wa msimu huu nitakunywa mimi, usihangaike. Mafundi wenzangu wameanza kupita hapa kutazama, na leo mchana mmoja alisimama barabarani akauliza kwa sauti ni nani aliyelipua ukuta ule. Nikaweka mwiko chini, nikamtajia jina langu.

Mtani wako,
Osmundi